Mwenye Chombo na Kikao cha Kila Alfajiri



Wanaoswali Alfajiri katika misikiti ya Katonga wanaijua sura hii. Imamu akishatoa salamu, kabla ya watu kumaliza nyiradi zao, safu ya mbele hupungua. Wanaoinuka mapema si vijana, ni wazee wenye vyombo. Vyombo vya dagaa viliondoka jana jioni, vimekesha majini na taa zake, na sasa vinarudi pwani. Mwenye chombo anataka awe mwaloni kabla nahodha hajafunga kamba. Hapo ndipo kikao huanza: mzigo ni ndoo ngapi, wachuuzi wanataka kwa bei gani, petroli imebaki kiasi gani, betri ipi haikushika chaji, wavu umechanika wapi, nani hakuja kazini na kwa sababu gani. Kikao hicho hakina ajenda wala mwenyekiti aliyechaguliwa, lakini kila neno lake humsubiri mtu mmoja. Jua hupanda, na yeye bado amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, akijibu. Kesho yake ni vivyo hivyo.

Hatuandiki kuwalaumu wazee wetu. Kutafuta riziki ya halali ni ibada, na mali inayotoka ziwani ndiyo iliyojenga misikiti yetu, ikasomesha watoto wetu na kuwalisha mayatima wetu. Lakini jambo hili limetukaa moyoni tangu mwaka juzi, kwa sababu ya yaliyomkuta mzee mmoja wa msikiti wetu. Ametupa ruhusa ya kuyaeleza ili wengine wanufaike, ila jina lake tulihifadhi. Tumwite Alhaji tu.

Alhaji ana vyombo vitatu na eneo la kuanikia dagaa. Kwa zaidi ya miaka ishirini hakukosa kikao cha alfajiri isipokuwa kwa safari ya Hija, misiba na siku ambazo ziwa limechafuka. Siku moja shinikizo la damu lilimwangusha. Alilazwa hospitali wiki tatu, na katika siku za mwanzo ulimi wake ulikuwa mzito, hata jina la mwanawe alilitaja kwa taabu.

Usiku wa kwanza vyombo vilitoka kama kawaida. Usiku wa tatu kimoja kilibaki ufukweni. Muuza petroli alitaka kujua nani atalipa, na nahodha hakuwahi kupewa ruhusa ya kukopa hata lita moja. Mchuuzi mmoja aliyechukua dagaa kwa mkopo alisema amekwisha kulipa mkononi mwa Alhaji mwenyewe. Fundi wa nyavu naye akaja na dai lake. Mke wa Alhaji, ambaye kwa miaka yote hiyo hakuwahi kuulizwa jambo la chombo, alijikuta kando ya kitanda cha mgonjwa ameshika simu isiyonyamaza. Kijana wao mkubwa alikuwa akienda mwaloni kila siku na baba yake, lakini kazi yake ilikuwa kubeba mfuko. Hesabu hakuijua hata moja.

Familia ikaita kamati ya msikiti isuluhishe. Tulikaa na daftari la Alhaji. Lilikuwa na majina mengi na tarakimu nyingi, lakini haikuandikwa popote yupi anadai na yupi anadaiwa. Maana yote ya daftari ilikuwa kichwani mwa mtu ambaye hawezi kusema. Chombo kile kilikaa pwani usiku kumi na moja, na wavuvi wake wakatafuta kazi kwingine. Madeni mawili hadi leo hayajapatiwa shahidi.

Ndugu msomaji, tulitoka pale na hofu. Sote tunajua kuwa Mtume (S.A.W.) alipoletewa jeneza alikuwa akiuliza kama marehemu ameacha deni. Tulijiuliza: lau Alhaji angefariki usiku ule, mkewe na wanawe wangejibu nini?

Allah alimpa afya. Alirudi nyumbani akitembea kwa bakora, na daktari akamtaka apumzike. Wiki haikupita, tukamkuta mwaloni, juu ya ndoo yake.

“Alhaji, si uliambiwa upumzike?” tulimuuliza.

“Katibu, wewe ni kijana. Nikikaa nyumbani siku tatu, watanifilisi.”

“Na hii miaka ishirini uliyokaa hapa, hawakukuibia?”

Alicheka kidogo. “Wameiba. Lakini nilikuwepo.”

Jibu hilo tumelifikiria sana. Alhaji mwenyewe alikiri kwamba kuwepo kwake hakukumlinda. Alichokuwa akikipata katika kikao kile ni utulivu wa moyo, na pengine ile ladha ya kuulizwa, ambayo kila mwenye kuongoza watu anaijua hata kama haitamki.

Hata hivyo hofu yake si ya kudharauliwa. Mali iliyoachwa mikononi mwa mtu bila mpango hupotea, na mfano mashuhuri wa jambo hilo umetokea hapa hapa kwetu. Mwaka 1871 msafiri wa Kiskoti David Livingstone alirejea Ujiji kutoka Manyema, amedhoofika na hana kitu. Tegemeo lake lilikuwa bidhaa alizotumiwa kutoka Zanzibar, ambazo zilikabidhiwa kwa mtu aliyeitwa Sherif ili azitunze. Alipofika tarehe 23 Oktoba, alikuta bidhaa zimeuzwa zote. Mtunzaji alijitetea kuwa alipiga ramli kwa Qur’an ikamwonyesha kwamba mwenye mali amekufa. Tunalieleza hili kwa haya, kwa sababu aliyelitenda alijinasibisha na dini yetu, na Kitabu cha Allah hakikushuka kuwa chombo cha ramli wala kisingizio cha kula amana. Lakini katika Ujiji hiyo hiyo, siku zile zile, mfanyabiashara Mwislamu Sayyid bin Majid alimwendea Livingstone faraghani akamwambia kuwa yu tayari kuuza pembe zake za ndovu ili amsaidie. Mji mmoja, dini moja, na watu wawili tofauti.

Tukiitazama hasara ile kwa jicho la mfanyabiashara, tunaona mambo matatu yaliyokosekana. Hakukuwa na mtu wa pili wa kushuhudia mali ikitoka. Hakukuwa na mpaka wa kile ambacho mtunzaji anaweza kukiamua peke yake. Wala hakukuwa na siku iliyowekwa ya kutoa hesabu. Mwenye mali alikuwa mbali, naam, lakini umbali ulikuwa sehemu ndogo ya tatizo. Katika mambo hayo matatu, Alhaji, aliyekaa hatua kumi kutoka kwenye chombo chake kila siku, hakuwa na hata moja.

Sasa tutazame upande wa pili. Bibi Khadija bint Khuwaylid (R.A.) alikuwa miongoni mwa wafanyabiashara wakubwa wa Makka, na misafara yake ilikwenda hadi Sham. Yeye hakusafiri nayo. Alitafuta mtu anayejulikana kwa ukweli na uaminifu, akamkabidhi mali Muhammad (S.A.W.) kabla ya Utume, kwa ujira waliokubaliana. Pamoja naye akamtuma mtumishi wake Maysara. Waliporudi, mali ilihesabiwa, faida ikaonekana, na Maysara akaeleza aliyoyashuhudia njiani. Wanavyuoni wetu wanapofundisha mudharaba, yaani mmoja kutoa mtaji na mwingine kutoa kazi, huwa hawaachi kuitaja biashara ile. Angalieni: mtu mwaminifu kuliko wote alipewa mali, na bado palikuwa na makubaliano, shahidi na hesabu. Basi hakuna msimamizi wa Katonga anayeweza kusema kwamba kuandikiana na kuhesabiana ni kumvunjia heshima.

Upo mfano mwingine uliotufunza zaidi, nao umo katika Sahihi ya Imamu Bukhari. Sayyidna Umar (R.A.) aliishi pembezoni mwa Madina, na alikuwa na kazi zake. Hakuweza kuhudhuria kikao cha Mtume (S.A.W.) kila siku. Akakubaliana na jirani yake wa Kiansari: siku moja aende huyu, siku nyingine aende yule, na anayekwenda amletee mwenzake habari za siku hiyo. Ikiwa Umar aliridhika kupokea habari za kikao kitukufu kuliko vyote kupitia kwa jirani mwaminifu, mwenye chombo hawezi kuridhika kupokea habari za petroli kupitia kwa karani?

Kwa mifano hiyo tulikaa na Alhaji, mkewe, kijana wao na nahodha mkuu, tukapanga. Tunaandika tuliyoyafanya ili mwenye duka, mwenye mashine ya kusaga, mwenye boti ya abiria au mwenye gereji naye apime lipi linamfaa.

Jambo la kwanza lilikuwa kujua kikao kinahusu nini hasa. Kwa siku saba kijana aliandika kila swali ambalo baba yake aliulizwa mwaloni. Yalipopangwa, ilionekana kuwa mengi yalikuwa maswali yale yale yakirudi: lita ngapi za petroli usiku wa leo, chakula cha wavuvi kiasi gani, dagaa waende kwa bei gani, kamba hii ibadilishwe au iungwe. Maswali hayo hayakumhitaji mwenye mali. Yalihitaji kanuni inayojulikana. Basi tukaandika kanuni. Kila chombo kikapangiwa kiwango chake cha petroli. Bei ikawekewa kikomo cha chini ambacho karani hashuki chini yake bila kupiga simu. Matengenezo yasiyozidi shilingi 100,000 nahodha ayaamue mwenyewe na risiti ionekane. Kwa Alhaji yakabaki mambo machache: kununua au kuuza mashine, kumwajiri au kumwachisha nahodha, kukopa, na kumkopesha mchuuzi zaidi ya kiwango.

Jambo la pili ni mtu. Katika Surat al-Qasas, binti wa yule mzee wa Madyan alipomshauri baba yake amwajiri Musa (A.S.), alitaja sifa mbili pamoja: nguvu na uaminifu. Sisi huwa tunaitazama moja tukaisahau nyingine. Humchukua mpwa kwa kuwa ni damu yetu, hali ya kuwa hawezi kutofautisha wavu mzima na mbovu. Au humchukua fundi hodari ambaye kila mtu anajua kwamba mkono wake si safi. Sifa hizo zisipopatikana kwa mtu mmoja, kazi igawanywe. Kwa Alhaji, nahodha mkuu alipewa mambo ya majini na vyombo, na kijana wake akawa karani wa mauzo. Ndoo zinahesabiwa na wote wawili zikishushwa, na kila mmoja anaandika idadi yake. Usiwe mkono mmoja unaouza, unaopokea fedha na unaoandika, kwani hapo hata mwema unamtia majaribuni.

Jambo la tatu ni maandishi. Aya ndefu kuliko zote katika Qur’an, aya ya 282 ya Surat al-Baqara, haikuzungumzia Swala wala Hija. Imezungumzia kuandika deni, muda wake na mashahidi wake, na ikatutaka tusichoke kuliandika liwe dogo au kubwa. Daftari jipya la Alhaji lina safu nne: tarehe, jina, anachodai au anachodaiwa, na sahihi. Mchuuzi akichukua dagaa kwa mkopo anatia sahihi au alama ya kidole. Anayelipa kwa simu, ujumbe wa malipo unahifadhiwa na kuandikwa siku hiyo hiyo. Na mkewe anajua daftari linawekwa wapi.

Jambo la nne ni wakati wa hesabu, na hapa ziwa lenyewe lilitusaidia. Kila asubuhi karani humpelekea Alhaji ujumbe mfupi wenye tarakimu nne kwa kila chombo: ndoo zilizopatikana, bei, matumizi, na fedha iliyobaki. Ujumbe huo husomwa kwa dakika mbili, kitandani au msikitini baada ya nyiradi. Mara moja kwa wiki, Jumamosi baada ya Alasiri, wanakaa nyumbani kwa muda usiozidi saa moja. Hesabu kubwa, ya kugawana na kulipana, hufanyika wakati wa mbalamwezi.

Wavuvi hawahitaji kuelezwa sababu. Dagaa hufuata mwanga, na mwezi ukiwa mpevu taa zetu hazina nguvu mbele yake, kwa hiyo vyombo hupumzika siku kadhaa. Tangu zamani siku hizo zilikuwa za kushona nyavu na kugawana mapato. Lakini tazameni hekima iliyomo kwa Mwislamu: mwezi mpevu huangukia tarehe 13, 14 na 15 za mwezi wetu wa Hijria, nazo ndizo Ayyamul Bidh, siku nyeupe ambazo Mtume (S.A.W.) alituhimiza kufunga. Basi hesabu ya vyombo inafanywa na watu waliofunga. Tumeshuhudia jinsi ilivyo vigumu kwa mtu aliyefunga kuapa uongo juu ya ndoo tatu za dagaa.

Jambo la tano ni kuondoka kidogo kidogo, na hili ndilo lililomtesa Alhaji kuliko yote. Wiki ya kwanza aliendelea kwenda mwaloni, ila kwa sharti kwamba asijibu. Akiulizwa aseme, “Muulizeni karani.” Maneno mawili, lakini alitwambia kuwa yalimkwama kooni kama mwiba wa mgebuka. Wiki ya pili na ya tatu alikwenda siku moja akaacha siku moja, kwa mwendo wa Umar na jirani yake. Kisha akabaki na kikao cha Jumamosi. Hatukumkataza kutokea mwaloni ghafla siku asiyotarajiwa, Mtume (S.A.W.) alimfundisha mwenye ngamia amfunge kwanza ndipo amtegemee Allah. Ila akifika anatazama, anasalimia, na kama ana neno analiweka hadi Jumamosi. Mwenye mali anayemkosoa msimamizi mbele ya wavuvi ameubatilisha uwakala kwa ulimi wake, hata kama karatasi bado ipo.

Je, mambo yalinyooka moja kwa moja? La. Mwezi wa pili, mzigo ulikuwa mkubwa na wachuuzi wachache. Kijana aliogopa dagaa wasije wakaharibika, akauza chini ya kikomo bila kupiga simu. Hasara ilionekana. Alhaji alitupigia simu usiku, sauti inatetemeka. “Si niliwaambia? Kesho nakwenda mwenyewe. Daftari alete.”

Tulimkumbusha kisa cha Musa na Harun (A.S.). Musa alipokwenda kwenye miadi ya Mola wake, alimwacha ndugu yake awe naibu juu ya watu, akamwagiza atengeneze na asifuate njia ya waharibifu. Alirudi akakuta watu wanaabudu ndama. Ni msimamizi gani aliyewahi kukabidhi kazi akakuta uharibifu mkubwa kuliko huo? Alighadhibika, akamkamata ndugu yake kichwani. Lakini alimsikiliza. Harun akaeleza kwamba watu walimwona dhaifu wakakaribia kumuua, na kwamba alichelea kuwafarikisha. Musa akapokea maelezo yake, akajiombea msamaha yeye na ndugu yake pamoja. Hakuuvunja uwakala wa Harun. Alimshughulikia aliyefanya ufisadi wenyewe, naye ni Samiri.

Funzo lake ni jepesi kulieleza na zito kulitenda: tofautisha kosa na khiyana. Aliyekosea kwa kutojua hufundishwa na kanuni huongezwa. Aliyekula amana huondolewa, hata akiwa mwanao. Jumamosi ile kijana alieleza, na ikadhihirika kwamba kanuni haikusema lolote kuhusu mzigo unaotaka kuharibika. Ikaandikwa. Hasara ile Alhaji aliihesabu kuwa ada ya shule, na tangu hapo kosa hilo halijarudi.

Lipo pia la haki. Baadhi yetu hupenda kupunguza kazi bila kupunguza kitu kingine. Tunamtwisha nahodha usumbufu wa mwenye mali kwa ujira ule ule wa nahodha. Huo si uwakala, ni dhulma. Anayebeba mzigo wako apewe sehemu inayojulikana, iandikwe, na alipwe kwa wakati; Mtume (S.A.W.) ametuhimiza tumpe mfanyakazi ujira wake kabla jasho lake halijakauka. Msimamizi anayelipwa vizuri ni ghali kwa mwezi mmoja na rahisi kwa miaka kumi.

Yaliyosemwa hapa hayawahusu wanaume peke yao. Kina mama wenye vichanja vya kuanikia wana kikao chao, mchana, chini ya jua, na wengi wao hurudi nyumbani kukuta kikao kingine cha jikoni. Dada yetu mwenye wasaidizi wanne hana haja ya kusimama kando ya kila chanja akiwaambia sasa geuzeni. Amfundishe mmoja, ampe kipimo cha dagaa waliokauka vizuri, na ampe ruhusa ya kuwakusanya mvua ikitishia. Bibi Khadija ni mfano wake kabla ya kuwa mfano wetu.

Wapo watakaosema kuwa biashara yao haiwezi kukaa bila wao. Tunawakumbusha mwaka 2024. Kuanzia tarehe 15 Mei hadi tarehe 15 Agosti Serikali ilisimamisha uvuvi katika Ziwa Tanganyika ili samaki wapate kuzaliana. Kwa miezi mitatu hakuna aliyekuwa na kikao cha alfajiri. Safu ya mbele ilijaa hadi jua linachomoza. Tulisikia wazee wakisema kwamba hawakujua watoto wao wamefikia juzuu ya ngapi madrasa. Ziwa lilipofunguliwa, tuliona waliokuwa na madeni yaliyoandikwa wakianza upya kwa utaratibu, na wengine wakianza kwa ugomvi. Allah alikuwa ametuonyesha kwamba riziki iko mkononi mwake, nasi tukasahau ndani ya wiki moja.

Wala msidhani kamati ya msikiti inasema kutoka juu ya mimbari. Sisi wenyewe tulikuwa tukikutana baada ya Isha karibu kila siku, na taa ya udhuhani haikubadilishwa mpaka mwenyekiti aidhinishe. Siku moja mwenyekiti alisafiri, na waumini wakatawadha gizani usiku nne wakati fedha ya taa ilikuwa kwenye kasha. Tuliona aibu. Sasa muadhini ana kiasi chake cha matengenezo madogo, mweka hazina anatoa hesabu kila mwezi, na kamati inakutana mara mbili kwa mwezi. Bado wapo wanaoukumbuka ule wakati wa kukutana kila usiku, na tunawaelewa. Ulikuwa na chai yake na mazungumzo yake. Mazungumzo tumeyabakisha. Maamuzi tumeyagawa.

Na Alhaji? Bado hajapona hofu yake yote. Siku nyingine humwona kijana wake anachelewa kutuma ujumbe akaanza kutafuta viatu. Lakini siku nyingi baada ya Alfajiri hubaki msikitini mpaka Swala ya Dhuha, kisha hurudi nyumbani akanywa chai na mkewe. Mkewe alimwambia mama mmoja wa darsa kwamba katika miaka thelathini ya ndoa yao hajawahi kunywa naye chai ya asubuhi siku tatu mfululizo. Na wasia wake Alhaji ameuandika, mashahidi wawili wametia sahihi, na yale madeni mawili yasiyo na shahidi ameyatengea fedha, ili wenyewe wakitokea na bayana walipwe.

Ndugu msomaji mwenye chombo, duka au karakana: iko siku utaondolewa kwenye kikao chako bila kuulizwa. Siku hiyo hakuna kwenda siku moja na kuacha siku moja, wala hakuna kusema muulizeni karani. Watakaobaki wataendesha kwa kile ulichowafundisha na kile ulichokiandika, na wewe utaulizwa juu ya amana uliyoichunga, kwani kila mmoja wetu ni mchunga na ataulizwa juu ya alichokichunga. Anayekabidhi leo, akiwa na afya, anaweza bado kurekebisha makosa. Aanze na daftari. Aandike wiki hii kila swali analoulizwa, kisha ajiulize ni lipi kati ya hayo linalomhitaji yeye kweli.

Tunamuomba Allah (S.W.) atujaalie riziki ya halali, wasimamizi waaminifu, na mioyo inayoridhika kuwaachia wengine kazi. Awarehemu waliotutangulia, na awalipie madeni yao. Amin.

Wabillahi tawfiq.